Nyota Zisizoitwa

Kaka yangu,

Mwadila. Nimeanza na salamu ya nyumbani usije ukadhani ualimu umenipanda kichwani. Na shikamoo. Marahaba nimejiitikia mwenyewe, kama nifanyavyo kila mwaka ninapokuandikia barua na kuzifungia chini ya sanduku la nguo. Hii haifungiwi. Hii naipeleka gazetini, na mhariri akiwa na huruma itatoka, na labda siku moja utafungiwa chumvi kwa kipande chake huko uliko.

Utaona nimekuita kaka tu, bila jina. Leo ni Jumapili, nimekaa na kalamu tangu watu watoke kanisani, na jina lako bado linakataa kutoka mkononi. Sababu unaijua, maana wewe ndiye uliyeitunga. Ila wasomaji wengine hawaijui, kwa hiyo nivumilie niwaeleze, nawe usikilize tena mambo yako mwenyewe.

Kwetu tulikuwa watatu, baba, wewe na mimi. Mama alifariki kabla sijang'oka meno ya utoto. Nyumba yetu ilikaa peke yake mbugani huko Shinyanga, na jirani wa karibu tulimjua kwa moshi wake. Kila msimu wa mavuno tulikaa uani juu ya mikeka tukichambua pamba, safi kulia, fifi, ile yenye doa, kushoto. Karani wa chama cha ushirika alikuwa akikuta fifi moja tu ndani ya gunia la safi, analimwaga lote chini mbele za watu. Baba aliliogopa jambo hilo kuliko ukame, akatusimamia kama askari. Wewe ulikuwa na miaka kumi na saba na vidole vyako vilikwisha kuizoea kazi, ndiyo maana mdomo ulipata nafasi ya kutembea.

Hapo uani ndipo ulipoutunga ulimwengu wako ukauita Ng'ambo. Ulisema juu ya mbingu hii ipo nyingine, ina wenyewe, na nyota zake huchambuliwa kila jioni kabla ya kutandazwa. Wachambuaji ni bibi wawili wasiosemezana kwa sababu waligombania ungo zamani sana. Nyota Safi ndizo hutoka kwanza na kuwekwa katikati. Nyota Fifi, zile zenye doa, hutupwa pembeni ambako watu hawaangalii sana. Mimi na kiherehere changu nikauliza, "Na ile inayopasuka tukishamaliza kuvuna?" Maana kila mwaka vilikuwapo vitumba vilivyobaki vimefumba mpaka pamba yote iuzwe, halafu vinapasuka vyenyewe kwenye shamba tupu, vyeupe kabisa, bila wa kuvichuma. Uliacha kuchambua. Ulibaki umeshika pamba mkononi mpaka baba akakohoa.

"Hao ni Wachelewa," ulisema.

Tangu jioni ile Ng'ambo ikawa na daraja la tatu. Mchelewa hatoki na wenzake. Anasubiri anga lijae, bibi zako wakung'ute mikeka yao waingie ndani, ndipo atafute pengo akae. Mwanga wake una unjano kidogo, kama wa kibatari kilichopunguzwa utambi. Hahesabiwi, hapimwi. Na sheria kubwa kuliko zote, haitwi. Ukimwita, au ukimnyooshea kidole, anarudi alikotoka na itambidi aanze safari upya. Nilikuuliza kwa nini. Ukasema, "Sasa wewe, wanaoitwa si ndio wanaotiwa kwenye gunia?" Baba alicheka. Nakumbuka kwa sababu baba hakuwa mtu wa kucheka mpaka akaonyesha meno.

Basi kila usiku tukishafunga magunia tulisimama uani, mikono nyuma tusije tukanyoosha kidole kwa kusahau, tukatafuta. Wewe ndiye uliyekuwa ukimwona. Ulisema, "Ameingia." Mimi kazi yangu ilikuwa kujibu, "Na akae." Hakuna lingine lililoruhusiwa. Mpaka leo sijui kama kweli ulikuwa unaona kitu au ulikuwa unataka tu nikajilaze.

Mwaka ule wa mwisho niliugua malaria wakati wa mavuno. Nilikaa ndani wiki nyingi, na nilipoanza kunywa uji nikalia, si kwa homa, kwa sababu shamba lilikuwa limekwisha na mwaka huo sikuviona vitumba vya mwisho vikipasuka. Sheria ya kilimo ilikuwa kila mtu ang'oe miti yake ya pamba na kuichoma, wadudu wasije wakapata mahali pa kungojea msimu mwingine. Bwana shamba alipita na baiskeli kukagua. Nawe uling'oa, kaka, shamba zima, ila ukaacha mstari mmoja kule chini nyuma ya kichuguu. Uliuacha kwa ajili yangu.

Ulinibeba mgongoni saa nne asubuhi ukanipeleka kuona. Vilikuwa vimepasuka vyote. Ulinikataza kuhesabu, nikahesabu kimoyomoyo, vilikuwa kumi na kimoja. Nilisema "Wameingia" kwa sauti ya mgonjwa, nawe ukajibu "Na wakae," ukiiga sauti yangu, tukacheka mpaka nikapaliwa.

Siku ya pili yake bwana shamba aliukuta mstari. Hakumwita baba pembeni. Aliwakusanya majirani, wale wa moshi wa mbali, akamwambia baba aung'oe kwa mikono mbele yao, mti kwa mti, na wao watazame. Baba, ambaye shamba lake lilikuwa likitolewa mfano mikutanoni. Aliinama mara nyingi sana asubuhi ile. Moto ulipowashwa hakungoja uishe, alirudi nyumbani akaketi, akauliza, "Nani aliacha mstari ule?"

Ukasema, "Mimi."

"Kwa nini?"

Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni na kibuyu cha maji. Ungeweza kusema ni kwa ajili ya mtoto, alikuwa mgonjwa, na baba angepoa, maana mimi nilikuwa udhaifu wake. Hukusema. Nami ningeweza kusema. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, si mtoto wa kubebwa tena, na mdomo nilikuwa nao, wewe shahidi. Nilinyamaza kwa sababu niliogopa kwamba huruma ya baba kwangu ingegeuka hasira. Akakuambia, "Mtu asiyeweza kumaliza shamba siwezi kumwachia shamba." Maji yalikuwa yake, nikampa, akanywa.

Siku ya tatu ulibeba blanketi. Nilikusindikiza mpaka barabarani na michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, kwenye kitambaa. Ulisema unakwenda Geita, kwenye mashimo waliyoacha Wazungu, vijana wengi wanakwenda, na dhahabu haiulizi nani alimaliza kung'oa. Nikakuambia nitasimama hapo hapo barabarani nikuite kila siku mpaka urudi. Ukachuchumaa, ukanishika masikio yote mawili.

"Usiniite. Umesahau? Mimi ni Mchelewa. Pengo likipatikana nitaingia mwenyewe."

Ulikuwa unatania. Nimekuja kuelewa ukubwani kwamba ulikuwa unatania ili usilie mbele ya mdogo wako. Lakini mimi niliichukua kama sheria ya serikali.

Sasa nikuambie nilivyoishika, ujue una mdogo wa namna gani. Unakumbuka watu walivyomwamkia baba. Hakuna aliyemwita jina lake. Wote, wazee kwa watoto, walimwita Baba na jina lako, kwa kuwa wewe ndiwe wa kwanza kuishi, baada ya pacha waliofariki wachanga. Kwa hiyo kila aliyepita nyumbani alikuwa anakuita bila kujua. Wewe uko njiani unatafuta pengo, na huku mama mmoja amekuja kuazima ungo anakurudisha ulikotoka. Nilishindwa kuvumilia. Nilianza kuwasimamisha watu njiani, nawaomba kwa adabu, wamwite Baba Kabula, kwa jina langu. Walicheka, wakasema huyu mtoto malaria imempanda. Wengine walikubali kwa huruma. Siku moja muuza ng'ombe akaita mlangoni, "Baba Kabula, mwangaluka!" Baba akatoka, akauliza nani kasema aitwe hivyo. Akaambiwa. Akanitazama, akasema, "Hata wewe umeshamfuta?"

Sikumweleza. Ningeelezaje? Kwamba sijakufuta, nakulinda? Alirudi ndani. Kuanzia hapo mgeni akimwita Baba Kabula alikuwa anaitika polepole, kama mtu aliyeambiwa avae nguo ya mwingine.

Miaka ikaenda. Ukaja mwaka wa watu kuhamishiwa vijijini. Tulipakia mikeka, vyungu na mlango kwenye trekta, tukashushwa kwenye kijiji kipya kando ya barabara, nyumba zimepangwa mistari, majirani huku na huku mpaka unasikia mwenzio akikoroma. Kule kwetu pakabaki matongo, mahame yasiyo na mtu. Nilienda peke yangu mara mbili kutazama. Mkonge umeota uani, pale pale mikeka ilipokuwa. Nilijiuliza utajuaje tulikokwenda, nikajijibu kwamba Mchelewa anatafuta pengo, na haya matongo yote ni pengo, utaona. Ni majibu ya mtu mpweke, kaka. Nilikuwa sina wa kunisahihisha.

Ndipo nilipochukuliwa ualimu, ule wa UPE, wa kumaliza darasa la saba na kupewa chaki. Watu walitutania kwamba tumepishana na wanafunzi wetu mlangoni. Mimi sikujali, nilipenda. Na kwa kuwa sasa nilikuwa mwalimu, baba alipoanza kuumwa kifua aliniita akasema, "Mwalimu, lete karatasi. Andika redioni."

Alitaka tangazo, kama yale ya watu wanaotafutana, yanayosomwa saa kumi jioni. Niliandika huku akisema. Hakusema mengi. Alitaja jina lako kwanza, kisha akasema, "Popote ulipo. Ile pamba ya mstari wa mwisho niliishika, ilikuwa safi kuliko yote tuliyouza. Njoo."

Nikamwambia, "Baba, redioni hawasomi hivyo. Wanasema anaombwa kufika nyumbani bila kukosa."

"Basi waambie wasome hivyo hivyo nilivyosema."

Nilitia kwenye bahasha mbele yake, nikalamba gundi, nikabandika stempu. Sikuituma.

Nimeandika sentensi hiyo fupi na nimetoka nje kuchota maji ambayo sikuyahitaji. Sasa nimerudi. Sikuituma, kaka. Kila siku saa kumi kasoro baba alichukua fimbo yake akajikokota mpaka kwa katibu wa kijiji, ndiye mwenye redio, akakaa kwenye benchi la nje na wenzake. Nilikuwa nikitoka shuleni namkuta hapo, sikio limeelekea dirishani. Wanasoma fulani wa Tabora, fulani wa Mwanza, fulani wa Kahama. Wakimaliza anasimama. Nikimpa mkono anasema, "Watu ni wengi. Labda kesho ni zamu yetu." Wiki kwa wiki. Bahasha ilikuwa chini ya sanduku langu la nguo, hatua chache kutoka kitandani kwake.

Alikufa kipindi cha baridi, pamba ikiwa imeiva. Siku zile za mwisho alishindwa kutembea, akanituma mimi niende nikasikilize. Nilikwenda. Nilikaa kwenye lile benchi nikasikiliza tangazo ambalo nilijua halipo, nikarudi nikamwambia, "Bado, baba." Alisema, "Wabeja, mama." Alinishukuru. Hilo ndilo linalonikuta kila siku ninapofunga mlango.

Msomaji atasema ni ujinga wa kitoto, msichana mzima, anafundisha hesabu na sayansi, anashikilia sheria ya nyota zisizokuwepo. Mwacheni aseme. Lakini wewe nitakuambia ukweli ambao sikuujua mwenyewe mpaka baba alipozikwa. Sheria nilikuwa nimeshaacha kuiamini. Nilichoogopa ni kingine. Mtu ambaye hajaitwa anaweza kuwa amechelewa tu. Mtu aliyeitwa kwa redio nchi nzima, na jina la baba yake, na asije, huyo tunajua ni nini. Mashimo ya Geita yalikuwa yanafukia watu kila masika, na habari zilifika. Maadamu sikukuita, ulikuwa njiani. Nilimnyima baba mtoto wake ili mimi nibaki na kaka.

Niliomba uhamisho nikaletwa hapa Geita, Kalangalala. Nilimwambia ofisa elimu kwamba napenda hali ya hewa, akanishangaa, maana hapa ni vumbi na mawe. Siku zisizo za shule natembea kwenye machimbo. Jina lako silitaji. Nauliza kama kuna mtu waliyemjua, Msukuma, mrefu, anayesimulia habari za nyota. Wananitania, "Mwalimu, hapa hakuna anayetazama juu." Wananipisha, wengine wananiamkia, narudi.

Mwezi uliopita nilipumzika kwenye kivuli cha turubai ambako wachimbaji walikuwa wanatwanga mawe. Mmoja wao, mtu mzima wa Ushirombo, Mkatoliki mwenye rozari shingoni, alikuwa anapanga marundo. Mawe mazuri huku, mabaya kule, na pembeni kabisa rundo dogo ambalo hakuna aliyeligusa. Nikauliza lile la nini.

"Hilo? Hao ni wachelewa, mwalimu. Tunawatwanga mwisho kabisa, watu wakishaondoka."

Nilishika mti wa turubai. "Nani aliwafundisha kuita hivyo?"

"Alikuwepo jamaa kwenye duara letu, shimo tulilokuwa tukichimba, zamani kidogo. Msukuma. Alisema mawe ya namna hiyo usiyaite dhahabu, yatakimbia. Basi ikabaki hivyo hivyo. Hapa wote tunasema wachelewa, hata wasiomjua."

"Yuko wapi?"

Alisema wengine walihama kwenda upande wa Kahama, huko Buzwagi, wakati mvua zilipoharibu maduara, na wengine hawakuhama. Hakukumbuka ulikuwa kundi gani. Akauliza, "Aliitwa nani huyo ndugu yako? Tukimtaja jina huenda kuna wa kumkumbuka."

Nami, kaka, nikamwambia sijui. Nilisema hivyo kwa mdomo wangu, mbele ya mtu aliyekula nawe sahani moja. Nimekukana. Akanitazama kwa huruma, kama baba alivyonitazama siku ile ya muuza ng'ombe. Nilitembea mpaka nyumbani nikiwa nimeshika jiwe moja dogo kutoka kwenye rundo lile, alinipa bila kuuliza.

Kunyamaza kwangu kumetosha. Nilinyamaza na kibuyu mkononi, nikanyamaza na bahasha, sasa nimenyamaza mbele ya mtu ambaye angeweza kunipatia jibu. Kesho Jumatatu kabla ya kengele nitapita posta. Bahasha ni ile ile ya baba, imekuwa ya njano, stempu nimeongeza. Maneno sijayarekebisha. Watayasoma hivyo hivyo alivyosema, na mimi kila siku saa kumi nitakaa nje ya duka lenye redio nisikilize mpaka nisikie. Kisha nitarudi kwa yule mzee wa rozari nimtajie jina. Akiniambia neno ambalo nimelikimbia miaka yote, nitalisikia nimesimama.

Naogopa. Sitakudanganya. Nyumba hii ina chumba kimoja na kibaraza, usiku nasikia vinu vya mawe vikinyamaza kimoja kimoja, na baada ya hapo hakuna sauti yoyote inayonihusu. Nilikuwa na wewe njiani, ndiyo iliyokuwa jamaa yangu yote. Baada ya kesho huenda nisiwe nayo.

Ulisema pengo likipatikana utaingia. Pengo lipo, kaka. Mama hayupo, baba hayupo, uani hakuna mikeka. Tumebaki mimi na wewe, au mimi. Ukishuka Geita uliza Kalangalala, nyumba ya Mwalimu Kabula, mtoto yeyote atakuleta. Sitauliza umechuma nini. Nitakusogezea kiti na kusema neno lile moja nililoruhusiwa, kisha nitakuambia kuhusu kibuyu, nawe unipige ukitaka.

Mikono yangu iko mbele, si nyuma. Kidole kimenyooka.

Shija. Mstari ule wa pamba ulikuwa wangu. Baba alikusamehe hata kabla hujafika barabarani. Shija, mwana wa baba yangu, nakuita.

Njoo, ukae.

Ni mimi mdogo wako uliyembeba mgongoni,
Kabula